Spinoza au Mendelssohn: uanze kumsoma nani?

Anayetaka kujua jinsi wanafikra wa Kiyahudi walivyokabiliana na sayansi mpya na dola mpya za Ulaya, hawezi kuyakwepa majina mawili: Baruch Spinoza wa Amsterdam na Moses Mendelssohn wa Berlin. Kati ya kuzaliwa kwao kuna karibu miaka mia moja. Wote wawili walilelewa kwenye Torati na Talmud. Wote walikuja kujifunza Kilatini baadaye, nje ya masomo ya dini, ili wamsome mwanafalsafa Descartes na wenzake. Hakuna aliyefundisha chuo kikuu. Spinoza alijipatia riziki kwa kusaga lenzi za darubini na hadubini. Mendelssohn alikuwa karani wa hesabu, halafu msimamizi, wa kiwanda cha hariri.

Kwa sababu ya ufanano huo watu huwasoma kana kwamba wa pili alimalizia alichoanza wa kwanza. Mimi sioni hivyo. Waliulizwa swali moja, wakajibu sehemu yake kwa sauti moja, kisha wakaachana njia panda, na pale walipoachana ndipo msomaji anapopaswa kuchagua. Hapa namfikiria mtu mwenye nafasi ya kitabu kimoja tu kwa sasa. Kwa Spinoza nitatumia zaidi kitabu chake cha 1670, Tractatus Theologico-Politicus, ambacho kwa ufupi nitakiita Risala, na kidogo Ethica. Kwa Mendelssohn nitatumia Jerusalem, cha 1783.

Aliyefukuzwa

Spinoza alizaliwa tarehe 24 Novemba 1632 katika jumuiya ya Wayahudi wenye asili ya Ureno. Mababu wa watu hawa walikuwa wamelazimishwa kubatizwa, na wengi wao waliificha dini yao hadi walipofika Uholanzi na kuweza kuifuata hadharani. Mama yake alifariki mtoto hajatimiza miaka sita. Baba alifuata mwaka 1654, na kijana akarithi biashara pamoja na nduguye Gabriel, biashara na madeni yake. Mapema mwaka 1656 Spinoza alikwenda kwa mamlaka za mji kuomba aondolewe mzigo wa madeni hayo, kwa hoja kwamba alikuwa bado hajafikisha miaka 25. Hilo peke yake lilitosha kuwaudhi wazee wa jumuiya, waliotaka mambo ya aina hiyo yamalizwe ndani.

Tarehe 27 Julai mwaka huohuo ilisomwa hukumu ya herem, yaani kutengwa. Alaaniwe mchana na alaaniwe usiku, alaaniwe alalapo na alaaniwe aamkapo. Mtu asiseme naye wala kumwandikia, asimfanyie hisani, asikae naye chini ya dari moja, asimsogelee ndani ya dhiraa nne, asisome chochote alichoandika. Makosa yenyewe hayakuorodheshwa: hati inasema tu uzushi wa kuchukiza na matendo ya kutisha. Alikuwa na miaka 23 na hakuwa amechapisha hata ukurasa mmoja. Wapo wanaodhani suala la madeni lilichangia, na huenda ni kweli, ila kwa maoni yangu ukali wa lugha ile hauelezeki kwa fedha. Ni dhahiri kijana alikuwa ameanza kusema kwa mdomo mambo ambayo baadaye aliyaandika.

Kilichofuata ndicho kinachomfanya awe wa pekee. Hakuomba msamaha, na hakubatizwa. Katika karne ya 17 mtu aliyetoka kwenye dini moja alitarajiwa kuingia nyingine, kwa sababu ndoa, mazishi, misaada na hata ujirani vilipitia huko. Spinoza aliishi miaka zaidi ya ishirini bila kuwa wa jumuiya yoyote ya dini, Rijnsburg, kisha Voorburg, kisha The Hague, katika vyumba vya kupanga, akisaidiwa na marafiki wachache. Mwaka 1673 alipewa nafasi ya ualimu katika Chuo Kikuu cha Heidelberg, akaahidiwa uhuru mradi asivuruge dini rasmi. Akakataa, akisema hajui uhuru huo ungeishia wapi. Alifariki tarehe 21 Februari 1677, akiwa na miaka 44, kwa maradhi ya mapafu.

Asidhaniwe kuwa alikuwa mtu wa kubishana na kila muumini. Mchungaji wa Kilutheri, Colerus, aliyeandika habari zake mwaka 1705, anasimulia kwamba mama mwenye nyumba alimuuliza kama angeweza kuokoka katika dini yake. Spinoza alimjibu kwamba dini yake ni njema, hana haja ya kutafuta nyingine, mradi aishi kwa utulivu na uchaji.

Aliyebaki

Mendelssohn alizaliwa Dessau, Ujerumani, tarehe 6 Septemba 1729, mwana wa mwandishi wa magombo ya Torati. Kazi takatifu, malipo haba. Alikuwa na kibyongo na kigugumizi. Akiwa na miaka 14 alimfuata mwalimu wake, rabi David Fränkel, hadi Berlin, mji ambao Myahudi maskini hakuruhusiwa kukaa bila mtu wa kumdhamini. Alijifunza Kijerumani safi na Kilatini kwa kuungaunga, kwa msaada wa Wayahudi wenzake waliotangulia. Mwaka 1754 alikutana na mwandishi Lessing. Inasemekana ni sataranji iliyowakutanisha. Mwaka 1763 alishinda tuzo ya insha ya Chuo cha Sayansi cha Berlin, na aliyeshika nafasi ya pili aliitwa Immanuel Kant.

Haya yote hayakumfanya raia. Mwaka huohuo wa ushindi ndipo Mfalme Frederick wa Pili alipompa kibali cha kuishi Berlin kwa haki yake mwenyewe, kibali ambacho wanawe hawangekirithi. Mwaka 1771 wanachama wa Chuo hicho cha Sayansi walimchagua awe mmoja wao, mfalme hakuidhinisha. Mwanamume aliyesomwa Ulaya nzima alikuwa mgeni katika mji aliokaa tangu ujana.

Shinikizo jingine lilitoka kwa waliompenda. Mwaka 1769 mchungaji wa Zürich, Johann Caspar Lavater, alimtabarukia kitabu cha kuutetea Ukristo na kumtaka hadharani ama akikanushe ama afanye ambacho mtu mkweli angefanya, maana yake abatizwe. Mendelssohn alijibu kwa adabu kwamba hajaona sababu ya kuacha dini ya baba zake, na kwamba dini hiyo haimtumi kwenda kuwageuza watu wengine. Miaka miwili baadaye alipatwa na maradhi ya mishipa ya fahamu yaliyomzuia kusoma na kuandika falsafa kwa muda mrefu.

Kama unataka kuona namna yake ya kufikiri kwa mfano mmoja, chukua kisa cha mazishi cha 1772. Mtawala wa Mecklenburg-Schwerin aliamuru Wayahudi wasizike maiti kabla ya siku tatu kupita, kwa hofu ya kuzikwa watu ambao hawajafa kweli. Kwa Wayahudi, kama ilivyo kwa Waislamu, kumharakishia maiti kaburi ni heshima anayostahili, kwa hiyo jumuiya ilimwomba Mendelssohn awatetee. Aliwaandikia barua ya kupeleka kwa mtawala, akipendekeza cheti cha daktari kitoshe. Lakini faraghani aliwaambia kwamba haoni amri ile ikivunja dini, kwani wazee wa kale waliwalaza maiti mapangoni na kuwaangalia kwa siku tatu. Rabi Jacob Emden hakupendezwa hata kidogo. Ndiye Mendelssohn huyo: nje anawatetea watu wake, ndani anawaambia ukweli kwa kutumia vitabu vyao wenyewe.

Torati ni sheria ya nani, na hadi lini?

Hapa ndipo penye uzito.

Sura ya 7 ya Risala inatoa kanuni ambayo leo inafundishwa vyuoni kana kwamba ilikuwapo siku zote: maandiko yafasiriwe kutokana na maandiko yenyewe. Ujue Kiebrania chake. Ukusanye kila mahali kitabu kinapozungumzia jambo fulani. Uulize nani aliandika, lini, kwa ajili ya nani, na kitabu kilifikaje mikononi mwetu. Na juu ya yote, usichanganye maana ya maneno na ukweli wa mambo. Kwanza jua mwandishi amesema nini, kama ni kweli au si kweli ni swali jingine.

Kwa kanuni hiyo anavisoma vitabu vitano vya Musa. Kumbukumbu la Torati sura ya 34 inasimulia kifo cha Musa na kuzikwa kwake, kisha inasema tangu hapo hakuinuka nabii kama yeye. Nani anaweza kusema "tangu hapo" isipokuwa mtu aliyeishi muda mrefu baadaye? Mwanzo 12:6 inasema Wakanaani walikuwako katika nchi wakati ule, maneno ya mtu aliye katika wakati ambapo hawapo tena. Mambo haya Ibn Ezra, mfasiri wa karne ya 12, alikwisha kuyagusa kwa mafumbo na kuwashauri wenye kuelewa wanyamaze. Spinoza hakunyamaza. Alisema Musa hakuviandika vitabu hivyo kama tulivyonavyo, na akakisia kuwa Ezra ndiye aliyeviunganisha.

Lakini kilichowauma Wayahudi zaidi hakikuwa hicho. Katika sura ya 3 na ya 5 anasema uteule wa Waebrania haukuwa ubora wa akili wala wa tabia. Ulikuwa ni mafanikio ya dola yao. Na amri za ibada, za vyakula, za siku na za sadaka, zilikuwa sheria za nchi hiyo. Dola ilipoanguka, nguvu ya sheria zake ilikwisha. Kwa hesabu hii Myahudi wa Amsterdam hana deni lolote kwa Musa zaidi ya alilonalo kila binadamu: haki na upendo kwa jirani.

Miaka 113 baadaye Mendelssohn anaichukua hoja hii katika sehemu ya pili ya Jerusalem, anaikubali nusu na kuigeuza. Ni kweli, anasema, zamani dini na dola vilikuwa kitu kimoja kwa Waisraeli, kwa sababu mfalme wao alikuwa Mungu. Aliyevunja Sabato aliadhibiwa kama mwasi wa nchi, hakuadhibiwa kwa imani yake. Hekalu lilipobomolewa, adhabu hizo zilikwisha. Tangu hapo dini ya Kiyahudi haina fimbo. Zile amri zinazomhusu mtu mwenyewe, hata hivyo, zinabaki, kwa sababu aliyezitoa Sinai mbele ya taifa zima hajazifuta kwa uwazi wa namna ileile. Binadamu hana haki ya kuzifuta kwa niaba yake kwa kuwa tu zimekuwa ngumu.

Kisha anasema jambo ambalo ndilo moyo wa kitabu. Uyahudi, kwake, haukufunua imani, ulifunua sheria. Hakuna amri katika Torati inayosema amini hivi au usiamini vile. Zote zinasema fanya, usifanye. Ukweli wa milele, kwamba Mungu yuko, kwamba anaongoza ulimwengu, kwamba roho haifi, Mungu ameuandika katika viumbe na katika akili ya kila mtu, wa kila taifa. Kama wokovu ungehitaji ufunuo maalumu, anauliza, kwa nini watu wa India na Marekani wangoje hadi Wazungu wapende kuwapelekea wafariji wachache? Aliandika hayo miongo sita kabla ya mmisionari Krapf kufika Mombasa. Mtu wa pwani yetu hawezi kuyapita maneno hayo haraka.

Amri za ibada basi zina kazi gani? Mendelssohn anajibu kwamba ni maandishi yaliyo hai. Watu walipouweka ukweli kwenye picha na alama, mwisho waliziabudu picha zenyewe. Na walipouweka kwenye vitabu, waliacha kuzungumza wao kwa wao. Tendo halibaki pale likaabudiwa. Linapita, na linamfanya mtoto amuulize baba, mwanafunzi amuulize mwalimu: kwa nini tunafanya hivi?

Ni wazo zuri sana, na naona halitoshi. Kama amri zinanikumbusha tu yale ambayo akili yangu ingeyafikia, kuna siku mtu atasema ameshakumbuka, asante. Kati ya watoto wake sita waliofikia utu uzima, wanne waliingia Ukristo baada ya kifo chake. Mjukuu wake, mtunzi wa muziki Felix Mendelssohn, alibatizwa mwaka 1816. Sisemi hoja ya baba ndiyo iliyosababisha. Vikwazo vya kazi na uraia vilikuwa vikubwa kuliko hoja yoyote. Ila Spinoza hawezi kuulizwa swali hili, kwa kuwa hakuahidi kumbakiza mtu yeyote ndani.

Mungu wa kila mmoja

Hapa tofauti ni kubwa na inaelezeka upesi. Kwa Spinoza wa Ethica, Mungu na Maumbile ni kitu kimoja. Kila kitu kinafuata kwa ulazima kutoka kwake, naye hana makusudi, hakasiriki, hachagui watu. Mwishoni mwa sehemu ya kwanza anatoa mfano wa jiwe lililodondoka kutoka darini likamuua mtu. Ukiwaambia wanaoona mapenzi ya Mungu katika kila tukio kwamba ni upepo, watauliza kwa nini upepo ulivuma wakati ule; ukijibu, watauliza kwa nini mtu yule alipita hapo; na hawataacha hadi ukimbilie kwenye mapenzi ya Mungu, ambapo Spinoza anapaita kimbilio la ujinga. Aliyewahi kukaa msibani ataujua mwendo huo wa maswali. Miujiza, kwa hiyo, ni matukio ambayo sababu yake hatujaijua. Na baada ya kifo kuna kitu cha akili kinachobaki milele, lakini bila kumbukumbu za yule uliyekuwa. Si faraja ya aliyefiwa.

Mungu wa Mendelssohn anasikia. Anapanga, anatunza, anamkuza kila mtu kuelekea ukamilifu hata baada ya kaburi. Kitabu chake Phädon cha 1767, juu ya kutokufa kwa roho, kilimpa sifa kuliko vingine vyote, na mwaka 1787 Kant aliikosoa hoja yake kuu katika toleo la pili la kazi yake kubwa. Leo kinasomwa na wachache.

Ajabu ni kwamba Mendelssohn alianza uandishi kwa kumtetea Spinoza. Katika mazungumzo ya kifalsafa aliyochapisha 1755, bila jina lake, alisema Spinoza alikuwa ngazi ya lazima kati ya Descartes na Leibniz, wakati ambapo kumtaja kwa wema kulikuwa hatari. Na alimaliza maisha kwa jina hilohilo. Lessing alifariki mwaka 1781. Mwaka 1785 Friedrich Heinrich Jacobi akachapisha kwamba marehemu alikiri kwake faraghani kuwa ni mfuasi wa Spinoza, jambo ambalo masikioni mwa wakati ule lilikaribia kuitwa mkana Mungu. Mendelssohn aliumia mara mbili: sifa ya rafiki yake ilichafuliwa, na rafiki huyo alikuwa amemwambia mtu mwingine asichomwambia yeye. Aliandika utetezi, na siku ya mwisho ya Desemba akaupeleka kwa mchapishaji katika baridi kali. Tarehe 4 Januari 1786 alikuwa amefariki.

Fimbo ya dini

Hapa sasa ndipo wanapozungumza kwa sauti moja, au karibu moja.

Sura ya 20 ya Risala inasema katika dola huru kila mtu afikiri atakavyo na aseme anachofikiri. Sheria inayoamuru imani hutengeneza wanafiki na kuwaumiza wakweli, huku wahalifu wa kweli wakisalimika. Spinoza alijua anachosema: rafiki yake Adriaan Koerbagh alifungwa kwa maandishi yake na akafa mwaka 1669 akiwa kifungoni. Risala yenyewe ilitoka bila jina la mwandishi na ukurasa wa mbele ukidai uongo kwamba imechapishwa Hamburg. Mwaka 1674 ikapigwa marufuku Uholanzi.

Ila soma pia sura ya 19, ambayo wanaompenda huiruka: mwenye mamlaka ya nchi ndiye anayeamua namna dini itakavyofuatwa hadharani. Spinoza aliwaogopa wachungaji kuliko watawala, kwa hiyo alimpa mtawala funguo. Wanaoishi mahali ambapo serikali inasajili na kufuta makanisa na jumuiya za kidini watajua kwamba funguo hizo zina uzito.

Mendelssohn hakumpa mtu funguo. Dola inaweza kulazimisha matendo, basi. Jumuiya ya dini haiwezi kulazimisha lolote. Silaha yake ni mafundisho na kushawishi. Alilisema hilo kwanza mwaka 1782, na mahali alipolisemea panasisimua. Alisimamia tafsiri ya Kijerumani ya kitabu cha Menasseh ben Israel, rabi wa Amsterdam wa zama za ujana wa Spinoza, kilichoandikwa London mwaka 1656, mwaka uleule wa herem. Menasseh mwenyewe alikuwa Uingereza akiomba Wayahudi waruhusiwe kurudi huko. Katika utangulizi wake Mendelssohn aliwasihi marabi waachane kabisa na mamlaka ya kutenga watu. Katika Jerusalem akaongeza kwamba kumfukuza aliyekosea katika imani ni sawa na kumzuia mgonjwa asiingie duka la dawa.

Wengi walishtuka. Kijitabu kisicho na jina la mwandishi kikamuuliza: ukiiondoa adhabu, si umeubomoa Uyahudi wenyewe? Kwa nini basi usije kwetu Wakristo? Jerusalem ni jibu la swali hilo, na ndiyo maana kina joto ambalo vitabu vyake vingine havina.

Naye ana mahali pa kuyumba. Alidhani dola iangalie kwa mbali wasioamini Mungu wala maisha ya baadaye, kwa kuwa bila imani hizo wema hauna msingi. Hapo Spinoza, aliyeishi maisha safi bila kuamini malipo ya akhera, ni hoja dhidi yake.

Ugumu wa kusoma

Usianze na Ethica. Imepangwa kama jiometri, kwa fasili, kanuni na uthibitisho, na wengi huishia kurasa kumi za mwanzo wakidhani falsafa si yao. Kama lazima uionje, soma nyongeza ya sehemu ya kwanza peke yake, yenye lile jiwe. Imeandikwa kwa lugha ya kawaida na ina hasira ya kupendeza.

Risala ni ndefu, sura ishirini, lakini inasomeka, hasa na mtu anayeijua Biblia. Tafsiri ya Kiingereza ya Elwes ya 1883 inapatikana bure mtandaoni, ya kizamani kidogo. Jerusalem ni kifupi na Mendelssohn alikuwa miongoni mwa waandishi bora wa Kijerumani wa wakati wake. Hata katika tafsiri unasikia mtu anayezungumza nawe. Tabu yake ni sehemu ya kwanza, kurasa nyingi juu ya mikataba na haki za asili, kavu kweli. Zipite kwa mwendo wa kawaida, usizichimbe.

Msomaji Mwislamu ataona mambo mawili ambayo wengine hawayaoni. La kwanza ni Musa bin Maimun (Maimonides), mwanachuoni wa Kiyahudi na tabibu wa Cairo aliyeandika kwa Kiarabu. Yeye alisema aya ikigongana na akili ifasiriwe kimajazi, mjadala ambao wanafunzi wa elimu ya kalam, yaani teolojia ya Kiislamu, wanaujua vizuri. Spinoza anaishambulia njia hiyo kwa ukali: unamlazimisha nabii aseme falsafa ambayo hakuwahi kuisikia. Mendelssohn alikuwa amemsoma Ibn Maimun tangu utoto na akafanya utani kwamba kibyongo chake kilitokana na kukiinamia kitabu chake. La pili, katika dibaji ya Risala kuna neno kali juu ya Waturuki, kwamba wamefika mahali pa kuona hata kujadili dini ni dhambi. Aliwajua kwa kusikia tu, na linasomeka hivyo.

Basi uchukue kipi?

Kama swali linalokukosesha usingizi ni la maandiko, nani aliyaandika, kwa nini yanapishana, tunayafasirije bila kuyatia maneno mdomoni, chukua Risala. Hakuna kitu kwa Mendelssohn kinachokaribia sura ya 7 hadi ya 10. Yeye mwenyewe alipotafsiri vitabu vitano vya Musa kwa Kijerumani, kwa herufi za Kiebrania, na kuvichapisha kati ya 1780 na 1783, alishikilia kwamba Musa ndiye mwandishi. Hata hivyo baadhi ya marabi, akiwamo Ezekiel Landau wa Prague, walilalamika.

Vilevile kama umeshatoka kwenye dini, au uko mlangoni, Spinoza atakufaa zaidi, kwa sababu atakuonyesha mtu aliyetoka bila kuwa na kinyongo wala kutafuta kundi jingine la kujificha.

Kama uko ndani na unakusudia kubaki, lakini umechoka kuona watu wakitishwa, wakisusiwa mazishini au wakiondolewa kwenye ushirika kwa sababu ya fikra zao, chukua Jerusalem. Kwa hoja tupu Spinoza ana nguvu zaidi, nakiri. Lakini wengi wetu hatuishi peke yetu katika chumba cha kupanga. Tuna wazazi, ndoa, misiba ya kuhudhuria, na Mendelssohn ndiye aliyeandika akiwa na mke, watoto na jumuiya inayomchungulia dirishani. Ndiyo maana mtu akiniuliza bila kunieleza zaidi, humtajia Jerusalem kwanza na Risala ya pili, kinyume cha mpangilio wa miaka.

Ukiamua hivyo, anza moja kwa moja na sehemu ya pili ya Jerusalem, kisha rudi ya kwanza. Halafu soma Risala sura ya 3 na ya 5 ili uone Mendelssohn alikuwa anajibu nini, na baada ya hapo sura ya 14, ambako Spinoza, akimtaja Yakobo, anasema imani hupimwa kwa matendo. Phädon kiache hadi utakapokuwa na likizo ndefu.